Upepo Ukiitwa, Kuna Anayelipa

Katika visiwa vya Earthsea, alivyovibuni mwandishi Mmarekani Ursula K. Le Guin, tajiri anayetaka mzigo wake ufike salama humwajiri mtu wa upepo. Mtu huyo hukaa chomboni pamoja na mabaharia, husema maneno yake, na tanga hujaa. Wengi wao ni mafundi wa kawaida wanaojua mambo machache ya hali ya hewa. Wachache wamepita shule kuu ya kisiwa cha Roke, ambako mmoja kati ya mabingwa tisa kazi yake ni upepo na mawingu. Roke yenyewe inalindwa na upepo. Mwenye nia mbaya akikaribia, upepo humjia wa omo mpaka ageuze chombo arudi alikotoka.

Kitabu cha kwanza cha visiwa hivyo, A Wizard of Earthsea, kilitoka mwaka 1968. Nilikisoma nikiwa kijana, Unguja, katika nakala iliyopita mikono mingi. Hadithi za watu wenye uwezo wa ajabu nilizokuwa nimezisoma kabla yake zilijaa theluji, ngome za mawe na farasi. Hii ilikuwa na bahari. Watu wake wanavua, wanaunda mashua, wanajua kisiwa gani kiko upande gani wa upepo. Ged, shujaa wake, ana ngozi ya rangi ya shaba iliyokolea, na rafiki yake Vetch ni mweusi hasa. Le Guin alikusudia hivyo, na mwaka 2004 televisheni moja ya Marekani ilipomgeuza Ged kuwa Mzungu alipinga hadharani. Sikuyajua hayo wakati ule. Nilijua tu kwamba kwa mara ya kwanza nimesoma hadithi ya maajabu ambayo watu wake wangeweza kushuka Malindi ya Unguja na kutembea mitaani bila mtu kugeuka kuwatazama.

Kilichonishika zaidi ni jambo dogo. Ged, angali mwanafunzi wa mzee Ogion, anatembea naye milimani mvua ikinyesha. Anashangaa: huyu ndiye aliyetuliza tetemeko la ardhi, mbona hasemi neno moja mvua ikahamia kwingine? Ogion anaiacha inyeshe, anajitafutia mti wa kujikinga kama mtu yeyote, na mvulana analowa huku amekasirika. Baadaye, huko Roke, anafundishwa sababu. Anayeivuta mvua kisiwani kwake huenda ameikausha nchi ya watu asiowaona. Kurasa hizo nilizirudia mara nyingi, maana nimezaliwa katika nyumba ya watu waliokuwa wakingoja upepo.

Miaka ikapita, nikaamua kuandika visiwa vyangu mwenyewe, kwa Kiswahili, kwa ajili ya vijana. Nilitaka pawe na chama cha watu wa upepo, wenye ngazi zao, viapo vyao, ada zao, na nyumba yao katika kila bandari. Nikakiita Chama cha Waita Upepo. Kabla sijaandika ukurasa hata mmoja nilikwenda kwa ami yangu.

Ami alikuwa nahodha wa jahazi. Alibeba boriti za mikoko kutoka Rufiji, chumvi, nazi, chochote kilicholipa, mpaka magoti yalipokataa kupanda na kushuka. Nilimkuta barazani na tanga la mashua ya jirani limetandazwa mapajani mwake, sindano nene mkononi, kipande cha ngozi kimefungwa kiganjani cha kusukumia sindano. Alikuwa akishona pindo lililochanika. Hakuwa akitazama mshono. Vidole vyake vilikuwa vinakwenda vyenyewe, na kila baada ya mishono michache anavuta uzi, anausikiliza, anaendelea.

"Shikamoo, Ami."

"Marahaba, mwanangu. Kaa hapa, usikanyage tanga."

Nikamweleza. Visiwa vya kubuni, chama, watu wanaouita upepo ukaja. Akanyamaza muda mrefu. Nikadhani hakupendezwa.

"Wakiuita, unatoka wapi?"

"Ni hadithi, Ami. Unakuja tu."

"Hata kwenye hadithi. Upepo hauwekwi ghalani. Ukija hapa kwangu, kule ulikokuwa pamebaki shwari. Na kule kuna mtu. Ana chombo chake, ana mzigo, ana pipa la maji linaloelekea kwisha. Huyo mmemfanya nini?"

Kisha akanisimulia shwari. Katika maneno yake yote kuhusu bahari, dhoruba hakuwahi kuzisema kwa hofu kama alivyoisema shwari. Wakati wa tanga mbili, kaskazi limekwisha na kusi halijasimama, chombo kinaweza kukaa katika mkondo wa Pemba kikizungushwa na maji tu. Tanga linaning'inia. Foromali inaugonga mlingoti kila wimbi linapopita chini, na sauti hiyo ndiyo inayoharibu watu, alisema, kwa sababu haina haraka na haiachi. Mabaharia wanaoimba siku zote wananyamaza. Kikombe cha maji kinaanza kupimwa. Mtu anamtazama mwenzake anavyokunywa. Nahodha hana la kuamuru, na nahodha asiye na la kuamuru, alisema Ami, ndipo watu wake wanapomjua ni mtu wa namna gani.

Nilitoka pale nikiwa na kitabu kizima kichwani. Chama changu kikapata daftari. Kila upepo unaoitwa unaandikwa: nani ameuita, kwa tajiri gani, siku gani, na umetolewa wapi. Mkuu wa chama akawa mzee mwenye fimbo na kanzu nzuri, lakini anayeogopwa ni karani, mwanamke mkimya anayejua kila deni la kila bahari. Mwita upepo akishaita sana upande mmoja, karani humfungia. Akiasi, hesabu inamfuata mwenyewe: siku moja anaita na hewa haitikisiki.

Watu wengi wanaobuni nguvu za ajabu huanza na nguvu yenyewe: itapiga mbali kiasi gani, itabomoa nini. Naamini kwa dhati kwamba mlango wa kuingilia ni deni. Ukishajua upepo umetoka kwa nani, wahusika wanakuja wenyewe. Kuna aliyenyang'anywa, kuna aliyefaidika, kuna aliyeandika, na kuna aliyeambiwa asiandike.

Mataifa ya watu wa bahari yamelijua jambo hili zamani. Askofu wa Sweden, Olaus Magnus, katika kitabu chake cha mwaka 1555 kuhusu watu wa kaskazini ya Ulaya, anaeleza mafundi waliowauzia wafanyabiashara upepo uliofungwa katika kamba yenye mafundo matatu. Fungua la kwanza, upate upepo wa taratibu. La pili, upepo wa nguvu. La tatu, tufani. Bei ni moja, na anayeamua kufungua la tatu ni mnunuzi. Katika Odyssey ya Wagiriki, Aeolus anamfungia Odysseus pepo zote mbaya ndani ya mfuko wa ngozi ili afike kwao salama. Kisiwa cha Odysseus kinaonekana tayari, moshi wa majiko unaonekana, mabaharia wanadhani mfukoni mna dhahabu waliyofichwa, wanaufungua. Mimi hapo siwalaumu mabaharia peke yao. Nahodha alikaa na siri ya upepo siku zote hizo bila kuwaambia watu wanaovuta kamba, na watu wasioambiwa hujaza wenyewe nafasi iliyo wazi.

Habari ya nani anafaidika niliipata kwa Alan Villiers, baharia na mwandishi wa Australia. Mwaka 1938 alipanda jahazi la Wakuwaiti huko Aden, akashuka nalo kwa kaskazi mpaka Zanzibar na Rufiji, akarudi nalo Kuwait kwa kusi mwaka uliofuata. Kitabu chake, Sons of Sinbad, kilitoka mwaka 1940. Anasifu ujuzi wa watu wale kwa moyo wote, lakini anaonyesha pia kilicho chini yake. Mabaharia hawakuwa na mshahara, walikuwa na fungu la faida baada ya safari, na kabla ya safari walikuwa wameshachukua mkopo kwa nahodha ili familia zile. Nahodha naye alikuwa na deni kwa tajiri wa nchi kavu. Watu walioweza kuusoma upepo kuliko watu wengi duniani walikuwa wamefungwa na daftari la mtu asiyelowa maji. Kwa hiyo katika hadithi yangu wanafunzi wa chama wanaingia kwa mkopo. Chama kinawalisha na kuwavisha, na kila upepo wanaouita kwa miaka ya mwanzo ni wa kulipa ubwabwa walioula. Kijana mmoja anagundua kwamba baba yake alikufa akiwa na deni, na deni limeandikwa jina lake. Sikuhitaji kubuni sana.

Ami alikuwa na neno jingine, na hilo lilinichukua muda kulifanyia kazi. Alisema, "Mwanangu, upepo una Mwenyewe." Kwa mtu wa kwetu hilo si jambo la kupita haraka. Qur'ani inasimulia kwamba Nabii Suleiman alitiishiwa upepo, ukawa unakwenda kwa amri yake na kukata asubuhi moja masafa ya mwezi. Lakini alipewa. Aliomba akapewa, na ufalme wake ulikuwa amana. Sikutaka kuandika watu wanaojigamba kuwa upepo ni mali yao, na wala sikutaka kuandika kitabu ambacho Ami angekataa kisomwe nyumbani kwake. Basi Waita Upepo wangu hawaamuru. Wanaomba, na wanaweza kukataliwa. Badiliko hilo liliipa hadithi uhai kuliko kitu kingine nilichokifanya, kwa sababu mtu anayeweza kukataliwa hunyanyua mkono wake na msomaji anashika pumzi pamoja naye.

Yapo pia maarifa ya kungoja, na hapa historia ya pwani yetu ina mfano ambao hakuna mtunzi anayeweza kuushinda. Ardhi ya Asia ikipata joto katikati ya mwaka, hewa yake hupanda na kuvuta hewa ya bahari kutoka kusini. Ardhi hiyo ikipoa, mwendo unageuka. Ndiyo kusi na kaskazi. Mwishoni mwa karne ya 15 Ahmad ibn Majid, baharia wa Julfar, pale palipo Ras al-Khaimah ya leo, alikuwa ameshaandika nyota, njia na majira ya kuondoka katika bandari za bahari hii. Kisha akaja Vasco da Gama. Aliondoka Malindi ya Kenya ya leo tarehe 24 Aprili 1498 akiwa na rubani aliyepewa na mfalme wa mji huo, upepo ukigeuka kuwa kusi, na kabla ya mwezi kwisha alikuwa ameiona India. Kurudi hakungoja. Alitoka pwani ya India mwanzoni mwa Oktoba, kaskazi halijasimama, na bahari ile ile ikamla karibu miezi mitatu ya shwari na upepo wa omo. Kiseyeye kikaua watu wengi mno. Walipofika pwani yetu Januari 1499 hawakutosha tena kuendesha merikebu tatu, na São Rafael wakaitia moto wenyewe.

Ile ni bahari moja, ni merikebu zile zile, ni nahodha yule yule. Tofauti ni wiki chache za subira.

Ndiyo maana katika Chama cha Waita Upepo ngazi ya juu hupewa mtu anayejua lini asiite. Mtihani wa mwisho unafanyika bandarini wakati wa tanga mbili. Mwanafunzi anakalishwa katika chombo kilichosheheni, tajiri anasimama gatini akipiga kelele kwamba tende zinaoza, mabaharia wanamtazama, na yeye anao uwezo. Anachotakiwa ni kukaa. Wengi wanashindwa. Wale wanaofaulu ni waliokuwa wamepitia kazi ya chini kabisa, kufua maji usiku, upo mkononi, wakijifunza kwa miguu yao namna chombo kinavyopumua. Ami mwenyewe alianza hivyo. Alisema alijua upepo umegeuka kabla ya kuusikia shingoni, kwa namna maji yalivyohama upande ndani ya ngama.

Nilipokuwa na sura za kutosha nilikwenda kuzisoma mbele ya vijana wa kijiji kimoja cha mashariki ya Unguja. Walisikiliza vizuri. Sura ya daftari waliipenda. Mwishoni msichana mmoja aliyekaa karibu na mlango akanyanyua mkono.

"Mwalimu, hawa Waita Upepo wako wote wako bandarini. Na wanaodaiwa wote ni wenye vyombo. Kusi likivutwa kwa nguvu, upande wetu mwani unakatika kwenye kamba. Daftari hilo lina jina la mama yangu?"

Darasa zima likageuka kunitazama.

Kilimo cha mwani Zanzibar kilianza kuwa cha biashara mwishoni mwa miaka ya 1980, na wengi wa wakulima wake ni wanawake. Siku ya pili yule msichana alinipeleka kwa mama yake maji yalipokupwa. Nilimwona kazini. Mambo za miti zimekitwa mchangani kwa mistari, kati yake kamba, na kwenye kamba matawi ya mwani yamefungwa moja moja kwa uzi. Mama alikuwa ameinama, maji yanamfika magotini, kanga imefungwa kiunoni, mkono wa kushoto unanyanyua kamba na wa kulia unafunga. Upande wa kulia wa shamba lake palikuwa na kamba tupu. Nyuzi zilikuwa bado zipo, kila moja na fundo lake, na ndani ya kila fundo kipande kidogo cha shina kilichobaki. Upepo wa siku zile ulikuwa umechukua mwani mwingine wote. Hakulalamika. Alisema tu kwamba atafunga upya, na kwamba mnunuzi hapokei sababu.

Niliporudi nyumbani niliandika sura ambayo naiona ndiyo bora ya kitabu kile. Mkulima wa mwani, ambaye chama hakijawahi kusikia jina lake, anatembea mpaka nyumba kuu ya Waita Upepo. Walinzi wanamzuia, anakaa mlangoni. Anaingia siku ya baraza, anaiweka kamba yake tupu juu ya meza ya karani, na anamwomba asome mafundo yale kama anavyosoma daftari lake. Karani anayahesabu yote, moja moja, mbele ya matajiri wanaotaka kuondoka. Kisha anafungua ukurasa mpya. Vita vyote vinavyofuata katika hadithi vinaanzia hapo, na hakuna panga lililochomolewa.

Wapo wanaoniambia kwamba kuandika mambo haya ni kuiga Wazungu. Nawaambia wamrudie Shaaban Robert. Kusadikika, iliyotoka mwaka 1951, ni nchi inayoelea hewani. Wajumbe wake sita wanatumwa pande sita, zikiwemo mbinguni na ardhini, wanarudi na habari za kuifaa nchi, na wanatiwa gerezani. Karama anasimama mahakamani kuwatetea yeye akiwa mshitakiwa. Nchi ya hewani, lakini kesi ni ya kweli na gharama ni ya kweli. Wajumbe wale walilipa kwa ajili ya neema ambayo wengine wangeipata. Tulikuwa na fasihi hii kabla Le Guin hajachapisha kisiwa chake cha kwanza, na kijana wa Kiswahili anayebuni ulimwengu leo ana haki ya kujiona mrithi wa wote wawili.

Urithi mwingine haumo vitabuni, na huo unapungua. Mashua nyingi sasa zina mashine, nami sioni ubaya, kwa sababu mashine imeokoa watu ambao shwari ingewamaliza. Lakini kijana anayeshika mashine hana haja ya kujua matlai yanaanza saa ngapi au upepo wa umande unakufikisha wapi kabla jua halijapanda. Ami amefariki. Mengi aliyoniambia yamo katika kitabu changu kwa sababu nilimwuliza, na mengi zaidi hayamo popote kwa sababu sikuwa na swali lake.

Basi wewe unayeandika, au mwanao anayeandika: kabla ya kuchora ramani ya visiwa vyako, nenda ukakae na nahodha mmoja mzee na mkulima mmoja wa mwani. Usiwaulize habari za ajabu. Waulize siku waliyokosa upepo na siku upepo ulipozidi, na nani alilipa. Nenda mwezi wa Machi au Aprili, tanga mbili zikianza. Vyombo vingi vinakuwa vimepandishwa pwani kutiwa kalafati, na wenyewe wana nafasi ya kukaa barazani.